Mlango wa Baridi wa Mtambo wa Dodoma

Wanangu mnaoanza kazi ya mtambo wa joto, kabla hamjaendelea kusoma, vitazameni viganja vyenu. Bila shaka ni laini kama maandazi. Changu cha kushoto kina kovu refu kama njia ya ng'ombe, na nililipata siku yangu ya pili kazini. Siku ya kwanza sikuumia kwa sababu sikugusa kitu. Nilisimama nje tangu asubuhi hadi saa sita nikijiuliza kama inafaa kubisha hodi kwenye nyumba ambayo mlango wake uko wazi.

Ndivyo nilivyokuwa. Nilitoka shule ya serikali huko pwani nikiwa na cheti chenye muhuri wa tai na kichwa kilichojaa hesabu. Kila jambo nililifikiria mara saba, kisha nikalifikiria tena, maana niliogopa kwamba ile mara ya saba sikuwa makini. Nilipoambiwa nimepangiwa Dodoma nilijiuliza kama ni heshima au ni adhabu. Nikajiuliza njia nzima ndani ya behewa, hata nikapitiliza stesheni na kurudi kwa miguu, sanduku begani.

Mjerumani wakati ule alikuwa ameleta reli, na reli ilikuwa imeleta kiu. Gari la moshi likisimama linakunywa kama zizi zima la ng'ombe. Na Dodoma mnaijua wenyewe: mvua miezi michache, halafu vumbi. Maji yapo, lakini yako chini sana, na kuni za kuendesha bomba la mvuke zingemaliza kila mti kuanzia hapa hadi Mpwapwa. Ndipo Bwana Fundi, Mjerumani mwembamba aliyevaa kofia mbili kwa kuogopa jua, akajenga mtambo wetu chini ya lile jabali mnaloliona nyuma ya stesheni.

Mtambo wenyewe si mgumu kuuelewa. Jua linachoma jabali kutwa. Mabomba yaliyochimbiwa ndani ya jabali yanalichukua lile joto na kulileta kwenye silinda. Joto linasukuma pistoni, pistoni inazungusha gurudumu kubwa, gurudumu linavuta maji kisimani na kuyamimina kwenye birika la nje. Kisha joto likiisha kazi yake linatoka kwa mlango wa baridi na kuingia Dodoma ya pili.

Ninyi mmezaliwa mkiijua Dodoma ya pili, hamshangai. Sisi tulishangaa. Bwana Fundi alijaribu kunieleza kwa kuchora miduara mingi kwenye karatasi, mingine ndani ya mingine, hadi karatasi ikachanika. Aliyenielewesha ni Mama Nyemo, mwenzangu pale mtamboni, tena kwa maneno machache. "Tembe la Wagogo umeliona? Paa moja, vyumba vingi, ukuta wa udongo katikati. Basi dunia ziko hivyo. Kwetu ni chumba hiki chenye jua kali. Chumba cha pili kina watu kama sisi, ila jua lao ni dogo kama kisosi. Ukuta hapa kwenye jabali ni mwembamba, Mjerumani katoboa. Umeelewa, au nikuchoree miduara?"

Kule nako kuna uwanda, kuna uwele, kuna Wagogo na ng'ombe wao. Misafara ya Wanyamwezi ilipita kule pia, wenyeji wakajifunza Kiswahili na kukisoma kama huku. Mjerumani tu ndiye hakufika. Wanasema alichungulia, akaona baridi, akarudi. Joto letu lililochoka liliingia kwao kwa mabomba yaliyolazwa chini ya mashamba, na uwele wao ukaiva. Kwa hiyo sisi tulipata maji, wao walipata mavuno, na hakuna aliyemshukuru mwenzake, kama inavyokuwa kwa majirani wanaoelewana.

Sasa niwaambie Mama Nyemo alikuwa nani, kwa kuwa kazi hii nilifundishwa naye na si na cheti. Alikuwa Mgogo wa Bahi, mama wa makamo, na maisha yake yote alikuwa amepika chumvi. Bwana Fundi alimkuta sokoni akipima joto la chungu kwa kukiangalia tu, akamwajiri siku hiyo hiyo. Kioo cha geji, kile kipimo cha joto kutoka Ulaya, kilikuwa kimepasuka wiki ya kwanza. Bwana Fundi akaandika barua kuomba kingine, kikaja baada ya miezi mingi, nacho kimepasuka, ila kimefungwa vizuri sana. Tangu hapo geji yetu ilikuwa Mama Nyemo na kibuyu chake cha maji ya chumvi.

Njia yake muishike, hata kama sasa mna geji tatu ukutani. Unadondosha tone moja la maji ya chumvi juu ya silinda. Tone likikaa kimya na kuenea, mtambo bado umelala. Tone likichemka taratibu na kuacha pete nyeupe nyembamba, hapo ni penyewe, fungua njia ya pistoni. Tone likirukaruka na kukimbia kama mtu aliyekanyaga siafu, kaa mbali, punguza joto. Mimi siku yangu ya pili nililiona tone likirukaruka, nikafikiri: je, linarukaruka kwa sababu ya joto, au kwa sababu ya chumvi, au silinda imeinama? Nikaweka kiganja ili nihakikishe. Kovu ndilo jibu.

"Umepata?" Mama Nyemo aliniuliza huku akinipaka mafuta ya samli.

"Ni joto, mama."

"Hongera. Shule imekusaidia."

Jambo lingine mnapaswa kulijua ili mwelewe yatakayofuata. Mimi ni Mnyamwezi, na Mnyamwezi na Mgogo ni watani tangu enzi za misafara. Babu zetu walibeba mizigo kupita nchi hii, na babu zao walikaa kando ya visima wakitoza hongo, ushuru wa njia, kwa kila kata ya maji. Wakagombana hadi wakachoka, ugomvi ukageuka utani, na utani ukawa undugu. Mtani atakutukana mbele ya wakwe zako na wewe utacheka. Mtani akikuheshimu, ujue kuna jambo limeharibika.

Kwa hiyo Mama Nyemo alinikaribisha inavyopasa. Siku ile ya kwanza, nilipomaliza kujiuliza juu ya hodi na kuingia, alinitazama kutoka utosini hadi viatuni, akasema, "Karibu, mpagazi. Mzigo wako umeuacha wapi?"

Nilipaswa kumjibu hapo hapo. Mtoto wa Kinyamwezi wa miaka mitano angemjibu. Mimi nilifikiri. Nikafikiri mchana ule, nikafikiri kesho yake, nikaandika majibu manne kwenye daftari na kuyapanga kwa ubora. Siku ya nne nikamfuata akiwa anafuta gurudumu.

"Mama, kuhusu ule mzigo."

"Mzigo upi?"

"Ule ulioniuliza niliuacha wapi."

Aliacha kufuta, akanitazama kwa huruma ya kweli. "Mwanangu," akasema, "utani ni kama uji wa moto. Ukiuacha siku nne si uji tena." Akaendelea na gurudumu lake. Mwaka mzima alinirushia maneno kila asubuhi, nami kila asubuhi nikaduwaa, na daftari langu la majibu likajaa.

Bwana Fundi alipoondoka kufuata reli magharibi, alituachia mtambo sisi wawili na kitabu cha maelekezo kilichoandikwa Kijerumani. Mama Nyemo alikitumia kufunikia mtungi. Mimi nilikuwa naufunua mtungi na kukisoma. Na hapo ndipo nilipopata wazo ambalo lilikaribia kuua ng'ombe wa Dodoma nzima.

Sikilizeni wazo lenyewe, maana najua kuna mmoja wenu ambaye ameshalipata. Nilipima joto linaloingia kutoka kwenye jabali, nikapima joto linalotoka kwa mlango wa baridi. Nikaona tunalotoa ni jingi kuliko tunalotumia. Nikashtuka. Hili lote linakwenda bure kwa watu wa upande wa pili? Nikapiga hesabu siku tisa. Hesabu zilikuwa safi, nzuri hata kuziangalia. Zilisema: funga mlango wa baridi, joto lote libaki humu, mtambo utavuta maji mara mbili. Nilijiona nimemzidi akili Bwana Fundi na kofia zake zote mbili.

Ilikuwa kiangazi cha mwaka mbaya. Visima vya mchanga kwenye korongo vilikuwa vimekauka, na wafugaji kutoka pande zote walikuwa wakileta mifugo kwenye birika letu. Mama Nyemo alikuwa anakwenda Bahi kuchukua chumvi, safari ya siku tatu. Nilingoja apande gari la moshi. Baada ya chakula cha mchana nikafunga mlango wa baridi na kutia komeo.

Kwa muda mfupi nilikuwa mtu mwenye furaha kuliko wote katika koloni. Chuma kilipata moto, sauti ya mtambo ikapanda. Halafu gurudumu likaanza kwenda kama mtu anayepanda kilima baada ya kushiba. Likapunguza. Likasita. Likasimama. Nje maji yalitiririka kidogo, yakadondoka, yakakoma. Nikadondosha tone la maji ya chumvi juu ya silinda, tone likaruka hadi ukutani.

Leo hata mtoto anajua nilichokosea. Joto halifanyi kazi kwa sababu lipo. Linafanya kazi kwa sababu linasafiri. Likiwa na pa kutoka na pa kwenda, njiani litakusukumia chochote. Ukilifungia, linakaa tu na kukukodolea macho. Mama Nyemo alikuja kunisuta baadaye: "Na wewe ni mjukuu wa wapagazi. Wewe ndiye ulipaswa kujua kwamba anayebeba mzigo lazima awe na mahali anakokwenda."

Nikakimbilia mlango wa baridi. Komeo langu likafunguka bila shida. Mlango haukufunguka. Nikausukuma kwa bega, nikausukuma kwa mgongo. Watu wa upande wa pili, walipoona joto limekatika ghafla, nao walitia komeo lao ili joto kidogo walilobaki nalo lisirudi kwetu. Walifanya jambo la akili kabisa. Tatizo ni kwamba komeo lao lilikuwa kwao.

Mtu mwingine angepiga kelele. Mimi nilifikiri: nikigonga kwa nguvu watadhani ni vita. Nikigonga polepole hawatasikia. Nikiita kwa Kigogo nitakosea, nikiita kwa Kinyamwezi hawataelewa. Nikaamua kufanya kile nilichofundishwa shuleni mtu akikosea. Nikaandika barua.

Niliiandika mara nne, kwa hati ya mviringo. Nakumbuka bado ilivyoanza: "Kwa Waheshimiwa Sana mkaao upande wa baridi. Baada ya salamu nyingi na heshima isiyo na mwisho, mimi mtumishi wenu mnyenyekevu, Luhende, Mnyamwezi, naomba radhi kwa usumbufu uliojitokeza." Na kadhalika, kurasa mbili. Nikaipenyeza kwenye mwanya chini ya mlango. Nikasikia karatasi ikiokotwa. Nikasikia minong'ono. Lakini mlango ulibaki vile vile.

Nje, birika lilikuwa limebaki na maji ya kufika kwenye kwato tu. Mfugaji mmoja, Malogo, aliyekuja na ng'ombe arobaini kutoka upande wa Kilimatinde, alichungulia mlangoni.

"Mbukwa," akanisalimu Kigogo. "Mtambo unaumwa?"

"Unapumzika," nikasema.

"Aha. Utapumzika hadi lini?"

Nikamwambia nalifikiria jambo hilo. Malogo hakugombana. Alikwenda, akarudi na ndama mwekundu mwenye doa jeupe kwenye paji, akamwingiza ndani ya nyumba ya mtambo na kumweka kwenye kivuli, mbele yangu. "Huyu mama yake hana maziwa tena," akasema. "Acha akae hapa akuangalie unavyofikiri." Akatoka, akakaa nje na kunipa mgongo.

Wanangu, nimetazamwa na wakubwa wengi, wakiwemo wenye bastola kiunoni. Hakuna aliyewahi kunitazama kama ndama yule.

Siku ya pili nikaandika barua nyingine, yenye heshima zaidi, maana nilidhani ya kwanza ilikuwa na ukavu fulani katika aya ya tatu. Safari hii waheshimiwa sana wakawa waheshimiwa wakuu. Nikaipenyeza. Ikaokotwa. Minong'ono. Halafu nikasikia sauti ambayo sikuitegemea: jiwe kubwa likiburutwa na kuegemezwa kwenye mlango.

Birika likakauka mchana ule. Ng'ombe wakaanza kulamba saruji. Ndama aliacha kusimama, akalala na kidevu chake juu ya kiatu changu, nami nikakaa saa nzima bila kusogeza mguu, nikiandika rasimu ya barua ya tatu magotini.

Mama Nyemo aliteremka stesheni asubuhi ya siku ya tatu, mfuko wa chumvi kichwani. Hakuuliza kitu. Aliona ng'ombe, akaona mgongo wa Malogo, akaingia, akaona gurudumu limesimama na ndama kwenye kiatu changu. Akautua mfuko.

"Sema."

Nikasema yote, pamoja na hesabu. Alisikiliza hadi nilipofika kwenye barua.

"Uliandika nini humo?"

Hakujua kusoma, kwa hiyo nikamsomea rasimu. Nilipofika "heshima isiyo na mwisho" alishika ukuta. Nilipofika "mtumishi wenu mnyenyekevu, Mnyamwezi" alikaa chini, akacheka hadi kilemba kikamtoka. Kisha kicheko kikakatika ghafla, akanitazama kwa hofu ambayo sikuwahi kumwona nayo.

"Na ya pili ulizidisha?"

"Nilizidisha kidogo."

"Luhende. Wale ni Wagogo. Wamekatiwa joto bila kuambiwa sababu, uwele wao uko shambani, halafu chini ya mlango inapita barua ya Mnyamwezi inawaita waheshimiwa. Wewe ungefikiri nini?"

Nikafikiri. Safari hiyo haikuchukua muda. Nikaona baridi ikinipanda mgongoni, kali kuliko ya upande wa pili. Mtani haombi radhi kwa kurasa mbili ila ameua mtu, au anakaribia kuua. Kila neno la heshima nililoliandika lilikuwa limewaongezea jiwe.

"Basi waite wewe, mama. Watukane kidogo, watajua mambo ni shwari."

"Mimi Mgogo, wao Wagogo. Nikiwatukana mimi ni matusi tu." Akaniinua kwa mkono. "Mtani wao humu ndani ni mmoja. Simama mlangoni."

"Nipe muda kidogo nipange."

"Usifikiri. Ukifikiri inageuka barua."

Nilisimama mbele ya ule mlango wa chuma. Nyuma yangu Mama Nyemo, nyuma yake Malogo aliyekuwa ameingia kimya kimya, na nyuma yao mlango wa nje uliojaa vichwa vya wafugaji. Kichwani nilikuwa na majibu ya mwaka mzima, yote yamepangwa kwa ubora, na hakuna hata moja lililofaa. Nikamtazama ndama. Alikuwa amelala pale nilipomwacha, hakuinua hata sikio. Alikuwa ameacha kunitazama.

Nadhani ni hilo lililonifungua mdomo. Nilisikia sauti kubwa ikitoka, na ilipofika katikati ndipo nikatambua kwamba ni yangu.

"Enyi Wagogo mliomo humo ndani. Babu zangu walipita nchi hii wakiwa na pembe za ndovu mabegani, na kila kisima walichofika walimkuta Mgogo amekaa pembeni anataka hongo. Kisima kikavu, anataka hongo. Mvua ikinyesha, anataka hongo ya matone. Leo mimi nimesimama mlangoni kwenu siku tatu nina joto la jabali zima, na hakuna hata mmoja aliyetoka kunitoza. Mmekufa, au mmestaarabika?"

Nilisikia pumzi za ng'ombe nje. Nikaanza kufikiri kwamba neno "mmekufa" lilikuwa zito, na kwamba ningeweka "mmelala", na kwamba bado kuna nafasi ya barua fupi ya ufafanuzi. Mama Nyemo akanikanyaga mguu.

Kisha upande wa pili mtu akakohoa, kile kikohozi cha mtu anayezuia kicheko. Jiwe likaburutwa. Na ikaja sauti ya msichana, karibu sana na chuma, kana kwamba ameweka mdomo kwenye tundu la komeo.

"Wewe ndiye Mnyamwezi?"

"Ndiye."

"Tumekusikia kwa siku tatu ukitembea huko, tunasikia miguu tu. Hakuna mzigo unaotuliwa, hakuna mzigo unaoinuliwa. Tukashangaa. Tangu lini Mnyamwezi akafika mlangoni kwa watu bila mzigo kichwani? Au kichwa chenyewe ndio mzigo?"

Huko ndani wakaangua kicheko watu wengi kwa pamoja. Huku kwetu wakacheka pia, Malogo akiwa wa kwanza, yule yule aliyenipa mgongo. Komeo likalia. Mlango ukafunguka, baridi ikatupiga usoni, na nyuma ya ile baridi nikaona uwanda mweupe kwa umande ulioganda, jua dogo kama kisosi, na msichana aliyejifunga mablanketi mawili, ameshika barua zangu zote mbili.

"Mjibu," Mama Nyemo akaninong'oneza.

"Nafikiri," nikasema.

Gurudumu halikungoja nimalize kufikiri. Lilitikisika, likajivuta nusu mzunguko, likaendelea. Mama Nyemo akadondosha tone juu ya silinda, likachemka taratibu, likaacha pete nyeupe. Nje bomba likakohoa vumbi, likakohoa tope, halafu maji yakaja. Malogo alimbeba ndama mikononi hadi kwenye birika. Alipomwona ameinamisha kichwa na kunywa, alivua shuka yake, akailowesha, akaniletea nijifute uso. Sikujua kama nilikuwa na jasho au nalia. Nilitaka kulifikiria hilo, lakini kulikuwa na kazi.

Ninyi mna mitambo mipya sasa. Mna geji ambazo hazipasuki, mna vitabu vya Kiswahili, na mnaweza kusimamisha gurudumu kwa kidole. Vizuri. Lakini mtaona kwamba kwenye ubao wa kanuni ulioko juu ya mlango wa baridi, chini ya kanuni za mafuta na usafi wa mabomba, kuna kanuni moja ambayo wakaguzi huwa wanaiulizia. Inasema kwamba kila asubuhi kabla ya kufungua, mwenye zamu atawatukana watu wa upande wa pili mara moja, na atangoja jibu. Kanuni hiyo niliiandika mimi. Si mzaha. Mkisikia kimya, au mkijibiwa kwa adabu, msiwashe mtambo. Vukeni mkaulize kuna nini. Mwaka mmoja walipopata msiba mkubwa kule, tulijua kwa sababu walitujibu "asanteni". Tuliacha kila kitu, tukaenda na kuni na unga.

Na mwenye hesabu nzuri kati yenu, hesabu zako zipende, lakini kabla ya kufunga mlango wowote uliza nani yuko upande wa pili. Ningeuliza siku ile, ningejibiwa kabla ng'ombe hawajaona kiu.

Yule msichana anaitwa Sechelela. Baadaye alinieleza ilivyokuwa kwao. Barua ya kwanza waliisoma watu watatu, yeye akiwa ndiye mlinzi wa mlango, na yeye ndiye aliyeona kwamba kuna maana iliyofichwa katika aya ya tatu. Aliitafuta usiku na mchana, hakuipata, na kwa kuwa hakuipata akaamini ni mbaya sana. Jiwe lilikuwa wazo lake. Niliposikia hivyo nilijua kwamba nimempata mtu wa kunielewa. Ilinichukua miaka miwili kumposa, maana kila mmoja wetu alikuwa anafikiri, na kama si Mama Nyemo kutuita wote wawili nyumba ya mtambo na kutufungia ndani hadi tukubaliane, tungekuwa tunafikiri hadi leo.

Yuko chumba cha nyuma hapa nyumbani kwetu hivi sasa, miguu ndani ya beseni la maji, analalamikia joto la Dodoma yenu. Hajazoea, na hana nia ya kuzoea. Tangu siku ile ya mlango ananidai jibu la utani wake. Kila asubuhi huniuliza kama limepatikana, na kila asubuhi namwambia liko njiani, mpagazi wake anatembea polepole.

Leo nilipomwambia nimemaliza kuwaandikia ninyi, akauliza kama jibu lake limo. Nikamwambia bado, nalifikiria. Akasogeza miguu yake upande mmoja wa beseni, akaniachia nafasi ya yangu.